Kijana Aliyetolewa Wakati wa Mapumziko

  

Mwezi huu ukurasa tumepewa sisi walimu wa kujitolea wa masomo ya jioni, na tumeona tusiandike tena juu ya usafi wa madaftari. Tutaandika juu ya ule mpira wa yai. Wazazi wengi wametusimamisha njiani na kwenye foleni ya maji wakituuliza: "Walimu, ni mpira gani huo mnawaonyesha watoto, mpaka wanarudi nyumbani wanaangushana kwenye vumbi?" Swali ni la haki. Mama mmoja alituletea shati la mwanawe limechanika kuanzia kola mpaka mfukoni, akaliweka mezani bila kusema neno. Basi tujibu kwa maandishi, ili hata ambao hawakufika wajue watoto walikuwa wanapigia kelele kitu gani.

Ni mechi moja tu, na ni ya zamani kidogo. Ilichezwa tarehe 8 Januari 2018 katika mji wa Atlanta, Marekani. Ilikuwa fainali ya vyuo vikuu, Chuo Kikuu cha Alabama kikipambana na Chuo Kikuu cha Georgia. (Georgia hii ni jimbo la Marekani. Ile nchi inayoitwa Georgia iko mbali kabisa, inapakana na Urusi. Tulilazimika kuchora ramani ubaoni.) Mwenzetu mmoja aliyefundisha pamoja nasi, ambaye alibahatika kuondoka na familia yake miaka ile watu wengi walipokuwa wanapelekwa Marekani, ndiye aliyetutumia mechi hiyo kwenye flashi kwa mkono wa mgeni. Aliweka na kikaratasi cha kutuambia tusikate tamaa kipindi cha kwanza, maana kitamu kiko mbele.

Na kweli, bila kikaratasi kile tungezima mapema. Mpira wenyewe haueleweki haraka. Wanauita futiboli lakini mguu unautumia mara chache. Mpira una ncha mbili, wanaushika kwa mikono na kukimbia nao. Wanavaa kofia ngumu na kinga mabegani, wanagongana kama mbuzi dume. Kila timu ina watu 11 uwanjani, hapo tu ndipo tunapofanana. Uwanja una yadi 100, yaani karibu mita 91. Timu yenye mpira inapewa majaribio manne ya kwenda mbele yadi 10. Ikifaulu inapewa manne mengine, ikishindwa mpira unakwenda kwa wenzao. Ukiufikisha mpira mwisho wa uwanja unapata pointi 6, na moja ya nyongeza ukipiga vizuri kwa mguu. Ukiona huwezi kufika, unaweza kuupiga kwa mguu upite katikati ya milingoti, unapata pointi 3. Wakati wote kuna mtu mmoja ambaye kila kitu kinapitia mikononi mwake, anaitwa kwotabeki. Yeye ndiye anapokea mpira, anaamua atupe, ampe mwenzake, au akimbie mwenyewe. Timu ikishinda anasifiwa yeye, ikishindwa anatukanwa yeye. Watoto walimwelewa huyo kabla ya kitu kingine chochote.

Kwotabeki wa Alabama alikuwa kijana wa miaka 19 anayeitwa Jalen Hurts, kutoka Channelview, Texas. Baba yake alikuwa kocha wa mpira wa sekondari. Tangu apewe nafasi hiyo mwaka 2016, akiwa mwaka wa kwanza chuoni, Alabama ilikuwa imeshinda mechi 25 na kushindwa 2 tu akiwa mbele. Moja ya hizo mbili ilikuwa fainali ya Januari 2017, walipofungwa na Chuo Kikuu cha Clemson, 35 kwa 31, ikiwa imebaki sekunde moja. Sekunde moja, jamani! Kwa hiyo mwaka 2018 alikuwa anarudi kudai kitu kilichomponyoka mkononi.

Basi kipindi cha kwanza kikaanza na mambo yakakataa. Georgia walimbana Hurts kila upande. Alijaribu pasi 8, zikafika 3. Hizo tatu zote kwa jumla zilipata yadi 21, kama kutoka mlango wa darasa letu mpaka mti wa mwembe. Mapumziko yalipofika Georgia walikuwa na pointi 13, Alabama sifuri. Uwanjani kulikuwa na watu zaidi ya 70,000, na nyumbani mamilioni wanaangalia.

Hapo kocha wa Alabama, Nick Saban, akafanya jambo ambalo lilitugawanya sisi wenyewe walimu mpaka leo. Wakati wa mapumziko akamwambia Hurts akae. Akamwingiza Tua Tagovailoa, kijana wa asili ya Samoa aliyezaliwa Hawaii, visiwa vya katikati ya bahari, ambaye wazazi wake walikuwa wamehamia Alabama kwa ajili ya masomo na mpira wake. Alikuwa mwaka wa kwanza. Hakuwa ameanza hata mechi moja. Ajabu ni kwamba huyu "mtoto mpya" alimzidi Hurts miezi mitano kwa umri. Na ni mtu wa mkono wa kushoto. Wanafunzi wetu wawili wanaoandika kwa kushoto walisimama juu ya dawati.

Tukasimamisha picha. Tukawauliza: kocha amefanya vizuri? Wakubwa wa darasa walisema ndiyo, timu ni ya wote, mtu mmoja hawezi kuzamisha mtumbwi wa watu wote. Wasichana wengi walisema hapana, yule mtu ameshinda mara 25, huwezi kumtoa kwa nusu saa mbaya mbele ya watu wote. Sisi walimu watatu tukawa na majibu matatu. Mmoja wetu alisema kocha yuko sahihi lakini angeweza kungoja kidogo. Mwingine alisema kocha hapoteza chochote, maana alikuwa analipwa mamilioni ya dola kwa mwaka, na wachezaji wakati ule walikuwa hawaruhusiwi kulipwa mshahara. Ndiyo, bwana. Watu 70,000 wamenunua tiketi, televisheni inalipa, kocha analipwa, na vijana wanaogongana vichwa ni wanafunzi wa kujitolea. Hapo sisi tulitazamana tukacheka, maana tunajua kile kidogo cha mwezi tunachopewa cha kututia moyo kinafika tarehe ngapi na kinaisha tarehe ngapi. Tangu mwaka 2021 wanafunzi hao waliruhusiwa kupata hela kwa kutumia majina yao kwenye matangazo, na tangu Julai 2025 vyuo vyenyewe viliruhusiwa kuwalipa. Lakini kwa wale wa mwaka 2018 ilikuwa imechelewa.

Nyuma kabisa, karibu na dirisha, kulikuwa na kijana wetu mmoja wa darasa la nane ambaye hatutamtaja. Wengi mnaijua familia yake. Mwanzo wa mwaka 2025 walikuwa wamemaliza mahojiano yote, wamepimwa afya, wamepewa tarehe ya ndege ya mwezi wa pili. Walikuwa wameuza masufuria, magodoro na kuku. Kijana alikuwa ameagana na darasa, tukamwimbia. Halafu tarehe 20 Januari 2025 Marekani ikasimamisha mpango wa kupokea wakimbizi, na safari zote zikafutwa. Wiki iliyofuata alirudi darasani, lakini si kwenye dawati lake, maana lilikuwa limeshapewa mwingine. Akaenda kukaa dirishani. Tangu siku hiyo alikuwa anakuja kila jioni, hajibu swali, hafungui daftari, na haondoki mpaka mwisho.

Huyo ndiye aliyenyoosha mkono. Aliuliza: "Mwalimu, huyo aliyetolewa, sasa amekaa wapi?"

Hatukuwa tumejiuliza. Tukaendelea kuangalia, na kila kamera ilipopita pembeni ya uwanja kelele zilisikika: "Yule! Yule pale!" Jalen Hurts hakwenda kujificha ndani. Alikuwa pale pale pembeni na jezi yake, anaongea na wenzake, anapiga makofi. Tua alipotupa pasi yake ya kwanza ya pointi 6 na matokeo yakawa 13 kwa 7, Hurts alikuwa miongoni mwa waliomkumbatia.

Tusiwadanganye kwamba kuingia kwa Tua kulimaliza kazi. Georgia walirudi mara moja kwa pasi moja ndefu, mchezo wa yadi 80, ikawa 20 kwa 7. Baada ya hapo Tua mwenyewe akatupa mpira mikononi mwa mtu wa Georgia. Darasa zima likalia. Na swali likaja hapo hapo, tena kwa hasira: mbona huyu hatolewi? Ni swali zuri na hatukuwa na jibu la kitabu. Mwenzetu mmoja alisema kocha aliyebadilisha mara moja hawezi kubadilisha tena bila kuonekana amechanganyikiwa. Labda. Sisi tunafikiri pia kwamba mgeni husamehewa mambo ambayo mwenyeji hasamehewi, na hiyo tumeiona hata kambini.

Basi, Alabama wakaanza kupunguza polepole. Pointi 3, ikawa 20 kwa 10. Pointi 3 tena, 20 kwa 13. Zikiwa zimebaki chini ya dakika 4, wakiwa kwenye jaribio lao la nne na la mwisho, Tua alitupa mpira kwa mwenzake Calvin Ridley ndani ya eneo la mwisho. 20 kwa 20. Halafu mpira ukarudi kwao, wakausogeza mpaka karibu, wakamwita mpigaji wao wa mguu aumalize mchezo sekunde za mwisho. Umbali ulikuwa yadi 36, kitu ambacho wapigaji wa vyuo wanafunga mara nyingi. Akakosa, ukapita nje upande wa kushoto. Tunamtaja kidogo kwa sababu watoto walimwonea huruma kuliko wote. Huyu hakutolewa, hakuingizwa mtu badala yake, alibaki tu amesimama na mguu wake. Wenzake walimwokoa, lakini yeye hakujua bado kama watamwokoa.

Muda wa nyongeza wa vyuo una utaratibu wake. Kila timu inapewa mpira ikiwa imebakiza yadi 25 kufika mwisho, wanapeana zamu. Georgia walianza, wakasukumwa nyuma, lakini mpigaji wao akafunga kutoka yadi 51. Ni mbali sana. 23 kwa 20. Zamu ya Alabama: jaribio la kwanza kabisa, Tua anakimbia nyuma, anakimbia tena nyuma, hataki kuuachia mpira, wanamkamata na kumwangusha yadi 16 nyuma ya alipoanzia. Yule mwenzetu aliyekuwa anatafsiri alinyamaza. Sasa walikuwa na yadi 41 mpaka mwisho wa uwanja, na hata kupiga kwa mguu kutoka kule ni kama kurusha jiwe mtoni usiku.

Jaribio la pili. Tua anatazama kulia, mlinzi wa Georgia anamfuata kwa macho, halafu anageuka na kuutupa kushoto mpira mrefu. Chini yake anakimbia kijana mwembamba sana, naye wa mwaka wa kwanza, DeVonta Smith kutoka mji mdogo wa Amite, Louisiana. Akaudaka, ikawa pointi 6. Imekwisha. Alabama 26, Georgia 23.

Madawati mawili yalivunjika miguu, tumeyatengeneza. Tunaomba radhi kwa majirani wa mtaa wa pili waliodhani kuna moto.

Siku iliyofuata mzee mmoja, baba wa wanafunzi wetu watatu, alikuja kutuona. Hakugomba. Alikaa, akavua kofia, akatuuliza kwa upole: "Wanangu, nchi imetufungia mlango. Sasa kwa nini mnawaonyesha watoto wetu michezo yao, wazidi kuitamani?" Tulimheshimu, hatukumjibu haraka. Kuna ukweli katika maneno yake. Tumeona watoto wanaojua majina ya miji ya kule kuliko majina ya vijiji vya babu zao. Tumeona wengine walioacha kusoma kwa sababu eti "tunaondoka". Kwa hiyo tulimwambia tu kwamba hatukuonyesha nyumba nzuri wala magari, tulionyesha kijana aliyeambiwa akae. Alisema, "Na huyo aliyekaa, alipata nini?" Kumbe mzee na yule kijana wa dirishani walikuwa na swali moja.

Basi hii ndiyo sehemu ambayo haimo kwenye flashi, tuliitafuta wenyewe.

Mwaka mzima wa 2018 Hurts alikuwa mtu wa akiba. Watu walidhani atahama mara moja, hata baba yake aliwahi kusema hadharani kwamba mwanawe akikosa nafasi atatafuta chuo kingine. Lakini kulikuwa na sheria. Siku hizo mchezaji wa chuo akihama, kwa kawaida alitakiwa kukaa mwaka mzima bila kucheza. Isipokuwa kama ameshamaliza shahada. Aliyemaliza shahada alikuwa anaruhusiwa kuhama na kucheza mara moja. Watu wa kawaida wanamaliza kwa miaka minne. Hurts alibaki Alabama, akaendelea na mazoezi kama mtu wa akiba, na huku akamaliza shahada yake Desemba 2018, baada ya miaka mitatu. Tuliandika hilo ubaoni kwa herufi kubwa, na hatuoni aibu, sisi ni walimu, kazi yetu ni hiyo. Mpira ulimkalisha, darasani hakuna aliyemkalisha.

Kabla hajapokea shahada kukatokea jambo lingine. Tarehe 1 Desemba 2018, uwanja ule ule wa Atlanta, Georgia wale wale, fainali ya ligi ya vyuo vya kusini. Tua anaongoza, lakini Georgia wako mbele, 28 kwa 21, na katika robo ya mwisho Tua akaumia kifundo cha mguu. Kocha yule yule akageuka kutazama benchi. Hapa ndipo tulipowaeleza watoto tofauti kubwa na mpira wetu. Katika mpira wetu mtu akishatolewa amekwenda, anaoga, mchezo huo umemwisha. Katika mpira wa Kimarekani aliyetolewa anaweza kurudi wakati wowote, mara yoyote. Kwa hiyo aliyekaa hapaswi kuvua viatu. Hurts aliingia zikiwa zimebaki dakika kama 11. Alitupa pasi ya kusawazisha, 28 kwa 28. Halafu ikiwa imebaki dakika moja na kidogo, aliushika mpira mwenyewe, akakimbia nao yadi 15 mpaka ndani. 35 kwa 28.

Mwaka 2019 alikwenda Chuo Kikuu cha Oklahoma, akacheza mara moja kwa sababu ya ile shahada. Akawa wa pili nchini kwenye tuzo ya mchezaji bora wa vyuo, inayoitwa Heisman. Mwaka 2020 timu ya kulipwa ya Philadelphia Eagles ilimchagua, lakini akiwa mtu wa 53, nyuma ya makwotabeki wengine wanne, akiwemo Tua ambaye alichaguliwa wa 5 na Miami. Mwaka uliofuata Eagles wakamchukua pia DeVonta Smith, yule mwembamba wa Amite, ambaye msimu wa 2020 alikuwa ameshinda Heisman yenyewe. Februari 2023 walifika fainali kubwa, Super Bowl, wakafungwa na Kansas City, 38 kwa 35. Hurts alikaa tena miaka miwili na hilo. Tarehe 9 Februari 2025 huko New Orleans walikutana tena na Kansas City, na Eagles wakashinda 40 kwa 22. Hurts alitupa mpira wa yadi 46 kwa Smith, pointi 6, na mwisho akachaguliwa mchezaji bora wa fainali. Kati ya hayo alipata na shahada ya pili kutoka Oklahoma, mwaka 2023.

Tarehe hiyo, 9 Februari 2025, wengi wenu mnaikumbuka kwa mambo mengine. Ilikuwa haijafika wiki tatu tangu safari zifutwe, na hapa hakuna aliyekuwa anawaza mpira wa mtu.

Tukasema pia upande wa pili, ili watoto wasifikiri Tua ndiye mbaya wa hadithi. Tua aliumia nyonga vibaya Novemba 2019 mpaka watu wakadhani amekwisha, na baada ya hapo akapata majeraha ya kichwa kwenye mpira wa kulipwa, ambayo ni hatari kubwa ya mchezo huu. Wazazi mnaoogopa kuangushana mna haki kabisa; sisi tumepiga marufuku kuangushana, wanacheza kwa kuguswa begani tu. Na Georgia, waliolia usiku ule, walikuwa hawajachukua ubingwa tangu 1980. Waliupata tarehe 10 Januari 2022, kwa kumfunga nani? Alabama, 33 kwa 18. Kwotabeki wao, Stetson Bennett, mwaka 2017 alikuwa kijana asiye na ufadhili, anasaidia tu wenzake mazoezini.

Mzee alisikiliza yote mpaka mwisho. Akauliza Hurts alilipiwa ada na nani. Tukamwambia chuo, kwa sababu ya mpira. Akasema, "Basi huyo alikuwa na benchi la kukalia. Wa kwetu wanakaa chini." Akavaa kofia yake, akaagana. Hatukumbishia. Mtu aliyeketishwa pembeni ya uwanja anauona mchezo, anajua dakika zilizobaki, anamwona kocha kwa macho. Familia iliyofutiwa safari haioni saa yoyote ukutani, wala haijui ni nani wa kumwuliza. Tofauti hiyo ni kubwa na hatutaki kuifunika kwa hadithi ya mpira.

Lakini tunaweza kuripoti tulichokiona. Yule kijana wa dirishani, wiki ya pili, alikuja na daftari. Hakuwa na kalamu, aliazima. Anataka kufanya mtihani wa mwisho wa mwaka pamoja na wenzake, na jina lake lilikuwa limeshafutwa kwenye orodha alipoaga. Tumekwenda kuomba lirudishwe. Tumeambiwa tulete barua ya mzazi, na barua imeshaandikwa, tunangoja muhuri. Bado anakaa dirishani, amesema pale kuna mwanga. Kuna watoto wengine sita katika hali kama yake tunaowajua, na huenda wako wengine. Wazazi, kama mwanao aliaga shule kwa sababu ya safari na safari ikafutwa, tafadhali mleteni, hata kama dawati lake limechukuliwa. Tutapata pa kumweka. Majina yanapokelewa mpaka tarehe 20 ya mwezi huu, njooni na kadi ya familia.

Kuhusu mpira: ile mechi ya tarehe 1 Desemba 2018 nayo tumeipata. Tutaionyesha Jumamosi ya pili ya mwezi, saa kumi jioni, chumba cha darasa la saba. Betri yetu inatosha masaa mawili na nusu na mechi ni ndefu, kwa hiyo tutaruka matangazo. Wadogo watakaa mbele kwenye mkeka. Wakubwa mje na viti vyenu, na yule mama wa shati, tafadhali upitie kwetu, tumeshalishona.